Shamba la Dorothée Lililolala

Mama Dorothée wa Lweba alijua jambo ambalo wenye haraka wamelisahau: udongo huchoka kama mtu. Shamba la mlimani aliloachiwa na baba yake alilipumzisha miaka kumi na mmoja. Miti ikaota, majani yakaozea chini, nyani wakarudi. Yeye akavumilia na muhogo wa kishamba cha bondeni, akisema kule juu atalima binti yake Alida siku atakapoolewa.

Jirani yake Fabien alichoma lake kila mwaka. Likabaki kipara, mawe matupu.

Ndipo wakapanda mlimani watu wa mpango wa misitu, na mashine ya kupimia na karatasi za rangi. Wakauliza nani atawaonyesha mipaka. Dorothée, masikini, alijitokeza wa kwanza. Aliwazungusha siku nzima, akawapikia sombe ya majani ya muhogo, akajivuna mbele yao.

"Muangalie hii miti. Miaka kumi na moja, hakuna muntu alikata hata moja. Ni mi mwenyewe naichunga."

Kijana mwenye mashine aliandika kila neno. Mama wa watu alikuwa anajikaanga kwa mafuta yake mwenyewe.

Miezi michache baadaye ramani ilibandikwa kwa chefu wa kijiji. Kipara cha Fabien kilikuwa shamba. La Dorothée lilikuwa msitu wa kuhifadhiwa: marufuku shoka, marufuku jembe, miaka ishirini na mitano.

"Ile ni shamba yangu, imelala tu!"

"Mama, shamba iko wapi? Mi naona pori," kijana alimjibu, tena kwa heshima. "Ni we mwenyewe ulisema hakuna muntu anakata. Tulikuweka hata mu comité ya kuichunga."

Fabien hakucheka, tumpe haki yake. Alitazama chini. Wanasema wema hauozi; waje Lweba wanuse.

Mvua zilipokaribia, zamu ya kupumzika ilikuwa ya kishamba cha bondeni, maana muhogo wake ulishakuwa mwembamba kama kidole. Alida alimkuta mama yake anawasha moto kwenye majani makavu.

"Mama, si ulisema hii mwaka tunaiacha ilale?"

"Ilale? Ikiamuka itakuwa yabo, wale watu wa misitu." Dorothée alikuwa analia kwa hasira, si kwa moshi. "Choma, mwanangu. Na mwaka kesho uchome tena. Isilale hata siku moja."

Akaenda kuwasha upande wa pili.