Mwanajeshi Asiyetembea Peke Yake

Kioo cha mbele cha pikapu, redio, na nusu ya mshahara wa mwezi: hiyo ndiyo gharama ya jambo hili. Nimeijumlisha mara mbili na jibu halibadiliki. Naitaja mapema kwa sababu wapo watakaosema niliota. Sawa. Lakini bosi wangu wa Riyadh, mtu ambaye hajawahi kupoteza hata senti bila kujua ilikwenda wapi, angemkataje mtu mshahara kwa sababu ya ndoto?

Miaka ile Wakenya tulimiminika Saudia kama walioitwa na kengele ya shule. Mimi nilikuwa dereva. Nililala Manfuha, mtaa wa Riyadh, watu sita chumba kimoja, na kazi yangu ilikuwa kubeba samani za ofisi kutoka Olaya kuzipeleka popote bosi alipopata mnunuzi. Dadangu mdogo, Mutheu, alikuwa Jidda, mtaa wa Al-Nuzha, mfanyakazi wa nyumbani. Mkataba wake ulikuwa umeisha. Madam alikubali aende, tikiti ikakatwa, ndege ya saa sita usiku. Shida ilikuwa kaka yake madam. Yeye ndiye aliyeshika pasipoti, na yeye ndiye angempeleka uwanja wa ndege. Mutheu alikuwa amemsikia akisema kwenye simu kwamba gari halitafika uwanjani. Lingempeleka kwenye nyumba nyingine, mbali huko kusini, kazi ianze upya.

"Kaka, njoo," aliniambia kwa simu, sauti ya chini. "Wakiona nina mtu wangu wataona aibu. Nikiwa peke yangu, nimekwisha."

Nilimbembeleza bosi mpaka akanipa mzigo wa meza za Jidda siku hiyo hiyo. Nikaondoka alfajiri.

Sasa sikiliza. Ilikuwa saa nne asubuhi, jua limewaka, ghubari ilipokuja. Kama hujaishi kule utafikiri nasema vumbi. Vumbi unafuta na kitambaa. Ghubari ni ukuta wa kahawia unaotembea, na ukikufikia mchana unakuwa giza. Niliogopa malori yasinigonge kwa nyuma, nikaacha lami, nikaingia jangwani kidogo na kuzima injini. Hapo nilikosea, kwa sababu nilipotaka kurudi sikujua tena lami iko upande gani. Redio ilikoroma ikafa. Simu, mafi network, hakuna mtandao. Saa nzima ikapita nikiwa nimekaa pale, nikipiga hesabu ya kilomita zilizobaki na muda uliobaki, na kila nikirudia hesabu, Mutheu anazidi kuwa mbali.

Ndipo mtu akagonga dirisha.

Niamini, sikuogopa. Nilidhani ni mtu anayeomba maji. Kumbe maji alikuwa nayo: jerikeni mbili, moja kila mkono, ndiyo maana aligonga kwa kiwiko. Mzungu kijana, kofia ya chuma, sare ya madoadoa ya kahawia, ya kizamani, kama zile zinazouzwa haraji, soko la vitu vikuukuu, na mitumba mingine. Kitu kimoja tu kilinisumbua. Upepo ulikuwa unatikisa gari zima, lakini mkanda wa kofia yake ulining'inia umetulia, kama wa mtu aliye ndani ya nyumba.

"Mwenzako yuko wapi?" akaniuliza. Kiingereza chake kilipitia puani, changu kilipitia Machakos, lakini tulielewana.

"Sina mwenzangu."

"Nani alikuruhusu utoke peke yako?"

"Bosi."

"Bosi wako ni mjinga."

Hilo sikubisha.

Akanieleza, bila haraka, kwamba katika kikosi chao cha Marekani hakuna anayekwenda popote peke yake. Wawili wawili, iwe ni kuchota maji, kushika zamu, hata kwenda chooni. Walikuwa wamekaa jangwani miezi, wakisubiri vita vianze, na katika kusubiri huko mwenzako anakuwa zaidi ya ndugu, maana hata ndugu yako hujui anakoroma vipi, huyu unajua. Siku hiyo mwenzake alimwona amechoka, akamwambia lala, nitaenda mimi, narudi sasa hivi. Akaondoka. Ghubari ikashuka.

"Nikaamka, nikajaza hizi kwa sababu nilijua atakuwa na kiu, nikamfuata." Akatazama chini. "Peke yangu. Tumevunja sheria wote wawili siku moja. Umemwona? Mrefu, mwembamba, mdomo haufungi."

Nikasema sijamwona.

"Basi shuka tumtafute. Siwezi bila mtu wa pili."

Unafikiri nilijiuliza ni vita gani hivyo? Sikujiuliza. Nilikuwa na shida yangu, nikaanza kujadiliana naye kama ninavyojadiliana na kila mtu.

"Nitoe barabarani kwanza," nikasema. "Kisha tutamtafuta."

"Kwanza yeye."

"Rafiki yangu, barabara kwanza. Dadangu yuko Jidda. Leo usiku asipoona mtu wake mlangoni, watampeleka nisikokujua."

Akaweka jerikeni chini.

"Yuko peke yake?"

"Peke yake."

Nimefanya biashara na Wayemeni, na Wapakistani, na mama mmoja wa Kisudani pale Manfuha ambaye angekuuzia kivuli chako mwenyewe. Sijawahi kuona mtu akiacha bei yake yote kwa neno moja. Alipandisha jerikeni zake nyuma, juu ya zile meza, akaweka mkono kwenye boneti na kuanza kutembea. Mimi nikamfuata kwa gia ya kwanza. Mchanga ulikwangua kioo mpaka kikawa cheupe kama maziwa. Nikatoa kichwa dirishani, na kitu pekee nilichokiona duniani kilikuwa ule mkono. Hatimaye magurudumu yakagusa lami.

"Ingia," nikamwambia. "Nikimaliza Jidda tunarudi wote kumtafuta."

Alitazama kule tulikotoka, kwa muda mrefu, kama mzazi anayemwacha mtoto shuleni siku ya kwanza. Niliinama kuingiza gia. Nilipoinua macho hakuwepo. Nikasema moyoni, amebaki. Nikaendesha, kichwa dirishani.

Nilifika Al-Nuzha saa mbili usiku. Gari la kaka yake madam lilikuwa langoni, injini inanguruma, Mutheu kiti cha nyuma na begi mapajani. Nikamwambia yule bwana mimi ni kaka yake Mutheu, nitampeleka uwanjani mwenyewe, naomba pasipoti.

Akacheka. "Kaka mafi. Yalla, enda zako."

Dereva mmoja mwenye vumbi hadi kwenye nyusi, na pikapu isiyoonyesha mbele. Ningekuwa yeye, ningecheka pia.

Kisha akatazama nyuma yangu, kwenye pikapu, na kicheko kikaisha.

"Yule mwanajeshi ni wa nini?"

Sikugeuka. Nilisema tu, "Tumekuja wawili."

Alitoa pasipoti mfukoni akampa Mutheu mkononi.

Njiani kwenda uwanjani Mutheu alikaa katikati, akajibana kwangu mpaka nikashindwa kubadilisha gia.

"Mbona unanisukuma?"

"Si mwenzako naye akae vizuri," akasema. Upande ule mimi sikuona mtu.

Kesho yake nilishusha meza. Mbili, pale zilipokaa zile jerikeni, zilikuwa zimelowa na kuvimba mbao. Hapo ndipo nusu ya mshahara ilipokwenda, maana ungemwelezaje bosi kwamba meza zimelowa maji katikati ya jangwa?

Bosi alinibakiza Jidda. Baadaye akaja kwa Umra na baba yake, tuliyemwita Baba Mzee, na siku moja nikimwendesha huyo mzee nilimsimulia. Hakucheka. Alisema wakati wa vita vya Kuweti aliendesha lori la maji akiwapelekea Wamarekani.

"Tuliwatania," alisema. "Wanaume wazima, hata chooni wawili wawili. Siku moja ya ghubari walipotea wawili, kila mmoja peke yake. Mrefu nilimpata mimi, jioni ile ile, amejikunyata chini ya lori langu. Mzima kabisa, anaongea tu. Wa pili aligongwa barabarani. Jerikeni zake zilikuwa kando yake, zimejaa."

Nilisimamisha gari pembeni.

Sikuwahi kuipita tena barabara ile. Mkataba uliisha nikiwa Jidda, nikarudishwa Kenya kutoka hapo hapo. Mutheu anaishi nyumba ya tatu kutoka kwangu, na mimi sitoki hata kwenda dukani bila mtu. Watu wa hapa wamezoea kunicheka. Wewe unayejiandaa kwenda kule, nakuomba usikubali kwenda popote ambapo hakuna anayejua umekwenda. Uwe na mtu wako.

Lakini lililonifanya niandike ni hili. Yule kijana alinisindikiza mpaka mlangoni kwa dadangu akiwa hajui kama mwenzake alipatikana. Mimi sasa najua, na sina visa, na hata ningekuwa nayo sijui nianzie kumtafuta jangwani au Jidda nilikomfikisha. Mwenye ujuzi wa mambo haya anishauri: mtu kama yule anafikishiwaje habari kwamba mwenzake alirudi salama?