Wanawake wa Mkorea Hawana Sauti

Darasa la saba sikulimaliza, lakini hapa Same hakuna aliyewahi kuonyesha sinema akanishinda. Banda la video nililijenga kwa mikono yangu, na Kikorea nilikitafsiri mwenyewe kwenye kipaza sauti, bila kukijua. Wanaume niliwasemea mimi, wanawake aliwasemea mke wangu. Wafugaji wa bondeni walikuwa wanawaacha ng'ombe wao na kuja kutusikiliza.

Kulikuwa na mwongozaji mmoja wa sinema wa huko Korea tuliyemwita "wetu". Habari zake nilisomewa kwenye simu: alianza kwa kuwabebea wenzake nyaya, akaandika hadithi zake mwenyewe, sinema ya kwanza akaipiga kijijini kwao na watu hawakuitazama. Ya pili ikampa tuzo ughaibuni. Nikasema, huyu ni mimi mtupu.

Ya tatu ndiyo iliyotuvunja. Mle mume anaongea mezani, anaongea tu, na mke anamtazama. Mke wangu akamsemea yule mama: "Mdomo unao. Masikio uliyauza wapi?" Banda zima likaangua kicheko, walijua anayeambiwa. Nikazima kipaza sauti. Kesho yake mke wangu akapanda milimani kwao, Shighatini.

Mkorea wetu naye akanyamaza miaka sita. Mimi pia sikupanda. Nilisema atashuka mwenyewe. Mwaka huu Mkorea katoa mpya, nikashindwa kujizuia. Nikaosha gari, nikapakia kreti za soda, nikaenda kumrudisha.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba," akasema baba mkwe. "Gari tumeliona. Mjomba wako yuko wapi? Na dengelua?"

Sikuja na mjomba wala dengelua. Kwetu mke aliyerudi kwao hafuatwi na mume peke yake. Huja na mjomba wa kumsemea, na hiyo pombe ya miwa. Nilidhani mtu aliyefika nilipofika mimi anajisemea. Nikaambiwa nishuke na soda zangu.

Mke wangu alinisindikiza hadi kwenye gari.

"Wetu katoa mpya?"

"Katoa."

"Mwanamke yumo?"

"Yumo mwanzo mpaka mwisho."

"Anasema nini?"

"Sijui. Sijamsemea."

"Basi usimsemee." Akazitazama kreti. "Na mjomba wako, siku hizi anakunywa soda?"

Mjomba nimemwendea mara mbili. Anasema nisubiri miwa yake ikomae. Alasiri naiwasha ile sinema mpya bandani, peke yangu. Wanaume nawasemea vizuri kama zamani. Yule mama akifungua mdomo, naweka kipaza sauti chini, natazama midomo yake.