Kwangua na Pweza Aliyelinda Mayai

Ilikuwa mwaka tisini na mbili. Hapana, nadanganya, ilikuwa tisini na nne, kwa maana tisini na mbili Kwangua alikuwa hajaoa, na mkewe yumo humu.

Jina hilo lilitokana na kazi yake: kuzamia chini ya meli na kukwangua chaza walioganda kwenye vyuma. Miaka kumi na mmoja alitazama matumbo ya meli tu, samaki wakimpita mgongoni.

Ndipo akaja mwongozaji wa filamu, mama mmoja mfupi mwenye kofia pana, akitafuta mzamiaji wa kumpiga picha pweza jike anayelinda mayai. Akampa Kwangua siku moja ya majaribio. Akiweza, kazi ni yake. Akishindwa, arudi kwa meli zake.

Mkewe, fundi cherehani, aliitia suti yake ya kuzamia kiraka cha magoti.

"Mume wangu, leo usinirudie na kutu masikioni."

"Nitakurudia na pweza."

"Pweza sokoni wapo. Wewe lete kazi."

Kamera ilikuwa na kijitaa chekundu cha kuonyesha kwamba inarekodi, lakini mwongozaji alikibandika plasta nyeusi, eti kinamulika kwenye kioo. Basi mzamiaji huhesabu kichwani: bonyeza, imewaka, bonyeza, imezima. Kwangua alibonyeza mara moja wakiwa botini, kuona tu kama kitufe kinabonyea. Akasahau.

Kule chini alijitahidi mno. Alilala mchangani mbele ya shimo la pweza mpaka akamzoea. Akabonyeza, akamlenga akipepea maji juu ya mayai yake, meupe kama shanga. Akabonyeza tena, akaiacha kamera ining'inie kiunoni, akageuka kutazama saa ya kupimia hewa iliyobaki mtungini.

Mchana yeye na mwongozaji wakakaa mbele ya televisheni. Likatokea tumbo la boti. Yakatokea magoti. Magoti tena.

"Kaka, hii ni filamu ya magoti yako."

"Samahani, mama. Angalau kiraka ni kipya."

Alitania huku akihesabu upya kichwani, akakumbuka alivyobonyeza botini. Pale alipobonyeza ili arekodi, ndipo alipozima. Harufu ya rangi ya meli ilishamjia puani.

Kisha picha ikarudi, kamera ikiwa kiunoni. Mkono wa pweza ukatoka shimoni polepole, ukapapasa kioo, ukatulia. Nyuma yake likasogea jicho.

Mwongozaji akaacha kutafuna karanga. Akarudisha nyuma, akatazama mara tatu.

"Kesho saa mbili uwe hapa," akasema. "Plasta nitaibandua mwenyewe."

Kwangua alizamia na kamera miaka ishirini na sita, na meli hakuzigusa tena. Lakini jambo moja lilimkera. Alimuuliza mwongozaji, akamuuliza mtaalamu wa viumbe vya baharini, akamuuliza mkewe aliyekuwa akitunga uzi kwenye sindano: yule pweza alingoja mpaka yeye ageuze macho, sasa alijuaje kwamba kamera imewaka?