Mkebe wa Noboru

Noboru alikuja kwetu Bahla, Oman, mwaka 1981 pamoja na bwana mkubwa wake, kupiga filamu ya wafinyanzi. Mume wangu Harub aliwapa chumba cha wageni. Kijana huyo Mjapani alikuwa amebeba masanduku ya kamera Arusha miaka mitatu, na Kiswahili alikipatia huko.

"Shikamoo, mama. Chakula iko tamu."

"Marahaba, mwanangu. Chakula ni kitamu. Nani aliyekufundisha, simba?"

Akacheka. Akaniambia hii ndiyo mara ya kwanza kuachiwa kamera. Akiiweza, hatarudi kwenye masanduku.

Mzee Marhun, mfinyanzi jirani yetu, hufungua tanuri lake mara moja kwa mwezi. Asubuhi ile Noboru alipiga yote, mitungi ikitolewa ingali na moto. Mimi dirishani, sibanduki. Nikaona kamera inainuka kuelekea paa letu, na binti yangu Ghaniya yuko huko anaanika nguo, kichwa wazi. Ameposwa na watu wa mji wa Mudhaibi. Wale watu wakimwona kwenye filamu, posa imevunjika.

Mchana wageni walipolala nikauchukua mkebe wa filamu, nikabandua utepe ulioufunga, nikaivuta filamu uani, juani. Nilidhani ni kama zile za picha za pasi, ukishika mwangani unaona uso. Mkasi ninao, nikikate kipande chenye Ghaniya. Sikuona mtu, rangi ya kijivu tu. Nikairudisha, nikabandika utepe.

Alasiri bwana mkubwa akaona utepe umekaa upande. Akauliza kwa lugha yao. Noboru akautazama utepe, akanitazama mimi niliyesimama mlangoni na kahawa, akajibu neno moja na kuinamisha kichwa. Tangu hapo kamera hakuishika tena.

Siku ya kuondoka nilimfuata garini. "Ulimwambia nini?"

"Kwamba nilifungua mimi. Filamu ikiona jua, imekufa."

"Na ulipoinua kamera kwetu, ulipiga nini?"

"Ngome, mama, ile iliyo nyuma ya nyumba. Yule dada wa nguo nilimngoja ashuke kwanza."

Bwana mkubwa alikuwa hatua tatu tu kutoka kwetu, na Harub anajua Kiingereza, angemweleza kwamba ni mimi. Nikasema, "Nenda salama, mwanangu." Akapanda nyuma, kwenye masanduku.

Ghaniya sasa ana watoto wawili Mudhaibi. Mzee Marhun akija kwetu bado humsema yule Mjapani mzembe aliyemharibia filamu ya kazi yake ya mwezi mzima, na Harub hucheka. Mimi humwongezea kahawa.