Posa Iliyovuruga Timu ya Mama

Mama yangu, Generosa, alinikasirikia kwa kukubali posa mwezi wa Januari. Si kwamba hakumtaka Chacha. Alimtaka kabla yangu, maana walikuwa wamecheza pamoja miaka mitano kabla mimi sijaanza hata kumtazama vizuri. Alichotaka ni tusubiri mpaka mashindano ya Machi yaishe.

"Ungepungukiwa nini, Wema, miezi miwili tu?" alikuwa ananiuliza kila asubuhi, chai haijapoa.

Mama alijifunza badminton kwa masista Bukoba, akachezea timu ya taifa, halafu klabu moja ya Ujerumani ikamlipa misimu miwili kupiga vinyoya. Alichotoka nacho huko ni goti bovu na majivuno. Tulipomfuata baba masomoni Minnesota, akapata kazi ya kufundisha mchezo huo Roseville, na hapo ndipo alipomkuta Chacha, mwanafunzi wa chuo aliyepiga kinyoya kama anapasua kuni. Wakawa timu: mama mbele karibu na wavu, Chacha nyuma. Mara mbili walifika fainali ya kanda, mara mbili wakarudi na nafasi ya pili. Mwaka 2008 daktari akamwambia mama goti lake halina msimu mwingine. Kombe lilikuwa lipatikane Machi, au ndiyo basi tena.

Sasa, kwao Chacha, Tarime, mtu na mama mkwe wake hawagusani, hawakaribiani, hawaitani majina. Nilijua? Nilijua. Nilidhani mtu aliyekaa Minnesota miaka minane ameshayasahau hayo. Wapi! Wazee wa posa hawajamaliza kuvaa makoti yao kwenye sebule yetu ya Champlin, Chacha ameshahamia kwenye ngazi, sahani mapajani, kampa mama kisogo.

Mazoezini ndiko kulikokuwa na vituko. Zamani alikuwa anapiga kelele, "Gene, acha!" na mama anaacha. Sasa jina halitamkiki na sauti haipandi. Kinyoya kikija katikati, Chacha anarudi nyuma kwa adabu, mama anamsubiri, na kinyoya kinatua sakafuni baina ya watu wazima wawili wenye heshima zao. Gari la mama alilipanda miaka yote. Sasa anasubiri basi kwenye theluji, anafika amechelewa, masikio yamekufa ganzi.

"Siwezi, mama," Chacha alijibu alipofokewa na mama. "Baba akisikia..."

"Baba yako yuko Tarime!"

"Atasikia."

Mimi nilijaribu upande wangu. "Chacha, seriously? Ni mchezo tu."

"Kwako mchezo," alisema. "Mimi naoa."

Nikaenda kwa baba. Baba alisema mtajua wenyewe, akaongeza sauti ya televisheni.

Walifika fainali hivyohivyo, kwa ubishi wa mama na mkono wa Chacha. Lakini wapinzani wao hawakuwa vipofu. Seti ya kwanza tu walishaona kuwa katikati ya uwanja hakuna mwenyewe, wakawa wanapiga hapohapo. Mama alikimbilia hivi, akakimbilia vile, goti likilalamika. Seti ya tatu, kumi na tisa kwa kumi na tisa, goti likakataa. Mama akaanguka.

Ukumbi mzima ulimsubiri Chacha amwinue. Chacha alisimama pale, mikono imemganda. Nilimpigia kelele kwa lugha mbili. Nilimchukia kabisa wakati ule, na pete yake nilikuwa nayo kidoleni.

Ndipo akaigeuza raketi yake, akamnyooshea mama mpini. Mama aliutazama ule mpini kwa jicho ninalolijua tangu utotoni, akaushika, akavutwa mpaka akasimama kwa mguu mmoja.

"Chacha, mimi ni nani yako?"

"Mama mkwe, mama."

"Mkwe anakataa agizo la mama mkwe wake?"

"Hapana, mama."

"Basi nimekuagiza. Piga kila kitu. Cha kwako, cha kwangu, cha katikati. Mimi nitajua pa kukaa."

Nilitamani kulia. Miezi miwili ya kugombana, na dawa ilikuwa humohumo kwenye heshima yake! Chacha aliufagia uwanja wote, na mama, mwanamke ambaye maisha yake yote hajawahi kumwachia mtu kinyoya, alikuwa anajibanza pembeni. Cha mwisho kilikuja usawa wa kichwa chake. Nilimwona mkono ukimwasha. Akachuchumaa, akajifunika kichwa, na Chacha akakipiga juu yake kwa nguvu zote.

Chacha akakimbia kumgongea kiganja kama zamani, akakumbuka, akakwama. Safari hii mama ndiye aliyenyoosha raketi. Wakazigonganisha.

Tulifunga ndoa Juni. Watu wakapanga foleni kutupongeza, kila mtu akimkumbatia bwana harusi, na mimi nikawa naogopa zamu ya mama, nikijua kila mtu angeona asivyomkumbatia. Mama akafika na gauni lake la dhahabu, anachechemea. Akamkabidhi baba kombe lao la Machi alishike, akachomoa raketi kwenye mfuko. Chacha hakushangaa hata kidogo. Akainama, akatoa ya kwake chini ya meza. Kumbe walishapanga, na hakuna aliyenidokezea. Nilikasirika mpaka wanja ukanichuruzika, na kila anayeiona picha iliyopigwa pale anadhani nilikuwa nalia kwa furaha. Basi na waendelee kudhani.