Wachawi Wachanga wa Kabazi

Baba yangu alinukia pareto. Alikuwa akipakua magunia ya maua makavu kiwandani Nakuru, na jioni harufu ile ilimtangulia mlangoni, kali kama majani yaliyosahaulika juani, mpaka nzi wakatoka wenyewe bila kufukuzwa. Mama alisema hiyo ndiyo faida ya kuolewa na mtu wa kiwanda. Baba alikuwa mtu wa maneno machache. Ungekaa naye kutoka chai hadi ugali asitamke kitu. Lakini vidole vyake viliongea. Akingoja chakula alichukua kifuniko cha soda, akakitembeza juu ya vidole, na kikifika kidole cha mwisho hukioni tena. Nilikuwa na miaka kumi. Nilikitafuta chini ya kiti, ndani ya koti lake, hata ndani ya sufuria. Mama aligeuza uso. "Baba Nafula, si uliokoka wewe?" Basi kifuniko kilirudi mezani, na Baba akarudi kunyamaza.

Kabla ya kuokoka alikuwa mtu wa mazingaombwe. Alizunguka shule za msingi kutoka Molo hadi Gilgil akitoa mayai masikioni mwa walimu wakuu. Hayo niliyajua kwa kuokota okota maneno ya watu wazima, kwa sababu aliyaacha yote siku aliyobatizwa, na nyumbani hayakuzungumzwa.

Mwaka huo kanisa letu lilipanga kambi ya watoto likizo ya Agosti, katika shule moja huko Kabazi. Pasta alikuwa amesikia kwamba kwingine watoto wanafundishwa Neno kwa mazingaombwe, akamkumbuka Baba, akaandika barua kwa Kiingereza kwamba watoto watafunzwa kuwa "young magicians". Katibu wa kanisa, mzee aliyependa kutafsiri bila kuuliza mtu, akaisoma Jumapili mbele ya wote: "Na ndugu yetu Baba Nafula atawafundisha watoto wetu kuwa wachawi wachanga." Halafu mama mmoja kule nyuma akasema kwa nguvu, "Shindwe!" Mama yangu alifungua kitabu cha nyimbo akaingiza uso wote ndani.

Usilolijua ni sawa na usiku wa giza. Wiki haikuisha kabla jirani hajaanza kuwaita watoto wake ndani nikipita. Wazee wakakaa kikao, wengine wakitaka Baba atengwe na meza ya Bwana. Kwa mtu wa kutoka magharibi mwa Kenya kama yeye, asiye na ukoo Nakuru, kanisa ndilo lililokuwa ukoo. Ukitengwa hapo utazikwa na nani? Pasta akatafuta njia ya katikati. Baba angefundisha, lakini siku ya mwisho kila zingaombwe lionyeshwe wazi, mbele ya wazazi wote, limefanywaje. "Kitu kikiwa kwenye mwanga si uchawi," alisema. "Kikibaki kimoja gizani, tutakuweka kando." Baba akakubali kwa kichwa. Mama akaniambia, "Mimi naenda kupika huko. Lazima nimwone huyu mtu kwa macho yangu."

Kabazi kulikuwa na baridi na ukungu. Tulilala kwenye magunia darasani, tukaamshwa na moshi wa githeri ya mahindi na maharagwe. Tuliobaki, baada ya wazazi wengi kuwaondoa watoto wao, tulikuwa saba. Na hapo nikaona kitu ambacho sikuwa nimewahi kuona: Baba anaongea! Aliongea kutwa nzima. "Usiangalie mkono wako, wewe! Ukiuangalia, na wao watauangalia." "Wachekeshe kwanza. Mtu akicheka, macho yanafumba." Alicheka mwenyewe mpaka akakohoa. Nilimwonea wivu kila mtoto aliyeshikwa mkono na kurekebishwa vidole, kisha zamu yangu ilifika, na ule mkono mgumu wa magunia ulikuwa mwepesi kuliko wa Mama akinisuka. Niliomba kila asubuhi kwamba kambi isiishe. Mama alisimama dirishani na mwiko wake, akikunja uso, lakini githeri iliungua mara mbili.

Siku ya mwisho wazazi walikuja wakajaza madawati. Tulifanya, halafu tukaungama, kama ushuhuda. "Bwana asifiwe! Ile sarafu mlidhani imepotea iko kwa kwapa yangu. Nimeokoka." Watu walianza kwa kununa, wakaishia kupiga meza. Chebet, mmoja wetu wale saba, alipoteza kifaranga ndani ya kofia, lakini kabla hajaungama, katibu akasimama kuombea mkutano. Akasema, "Tunakemea kila roho." Kukasikika, "Chii." Akapaza sauti, "Shindwe!" "Chii, chii." Chebet akashindwa kuvumilia, akafungua sweta. "Mzee, ni wangu. Usimkemee, ataogopa."

Mwisho alisimama Baba. Akaomba kitambaa cha kichwa. Akina mama wote wakashika vichwa vyao. Mama yangu akatoka jikoni, akafungua chake mbele ya kanisa zima, akampa. Katibu akamfunga Baba mikono kwa kitambaa kile, mafundo matatu, akivuta kwa meno. Mama akashika ncha ili watu waone hakuna ujanja. Baba akapuliza mara moja, na kitambaa kikaanguka chini.

"Sasa tuonyeshe," akasema Pasta.

Baba akatazama mikono yake. "Hii siwezi, Pasta. Hii si yangu peke yangu."

"Mmesikia?" Katibu akaruka. "Ako na mwenzake! Mwenzake ni nani?"

Siri ya mtungi aijuaye ni kata, na kata lilikuwa limesimama pale kichwa wazi. "Mwenzake ni mimi," Mama akasema. Akaeleza yote. Kabla ya wokovu, yeye ndiye alikuwa yule msichana anayekaa katikati ya watu kama mgeni, akitoa kitambaa chake kwa aibu. Anayeshika ncha ndiye anayefungua. Yule mwingine anapuliza tu, ili mtazame mdomo. "Leo hatukupanga, naapa," akasema. "Kitambaa kilifika mkononi, mkono ukakumbuka."

Walicheka mpaka Pasta akavua miwani. Baba hakutengwa. Alikuja kuwa mzee wa kanisa, na tulipomzika kanisa lilimbeba vizuri. Lakini Agosti iliyofuata hakuna aliyemwita. Wamwitie nini, na kila mtoto Nakuru alishajua kila kitu? Alijaribu kidogo pale mezani, ndugu yangu mdogo akapiga kelele, "Iko kwa kwapa!" Baba akatabasamu, akaomba chumvi. Tukarudi kukaa kutoka chai hadi ugali.

Siku hizi naishi Karagita, nafanya kazi kwenye kampuni ya maua, napanga waridi kwa urefu mchana kutwa. Kidato cha nne nilimalizia kwa masomo ya jioni, na Jumapili nafundisha watoto kanisani. Agosti iliyopita vijana wetu walileta mtu wa mazingaombwe kwenye kambi, na spika kubwa na maikrofoni. Hakuna aliyekemea. Hakuna aliyemwambia aeleze. Nusu ya watu walimtazama kupitia simu. Akakunja gazeti, akatoa ndani yake waridi jekundu, na mimi nikaona wazi lilipotoka, kwa sababu aliutazama mkono wake. Msichana mdogo wa darasa langu akanivuta nguo. "Ticha, hiyo maua ametoa wapi?"

Mimi ndiye ninayewafundisha kwamba ndiyo yenu iwe ndiyo. Na sisemi Pasta wa siku zile alikosea kutaka kila kitu kionyeshwe, maana alitubakishia Baba kanisani. Lakini nilimtazama yule mtoto, mdomo wazi, nikamwambia, "Sijui, mama. Kwa kweli sijui." Hilo nitalijibu mbele za Mungu. Aliondoka akijiuliza njia nzima, na mimi nikabaki kwenye benchi nikimtamani baba yangu.