Mtu wa Kuangalia Upepo

Mama yangu alitua Sydney mwanzoni mwa Desemba, joto likiwa limeshaanza kuchoma, naye amevaa sweta mbili kwa sababu mtu fulani kanisani kwao Wundanyi alimwambia kwamba kwa wazungu kote ni baridi. Hakuzivua mpaka tulipofika nyumbani kwetu Smithfield, jasho likimtiririka hadi kidevuni. Mama yangu akishaamini jambo, jua peke yake halimtoi.

Nilikuwa nimemwombea viza ya matembezi kwa sababu moja, na sababu yenyewe sikumwambia. Mdogo wangu, kitinda mimba wetu, alikuwa akifanya kazi ya mjengo Mombasa. Siku moja alianguka kutoka jukwaa la miti, ghorofa ya tano, akafa kabla ya kufikishwa hospitali. Sikwenda kumzika. Makaratasi yangu ya ukaaji yalikuwa hayajatoka, na wakili aliniambia nikitoka huenda nisiruhusiwe kurudi. Nilitazama mazishi kwenye simu, nimeketi ukingoni mwa kitanda, na mtandao ukakatika wakati jeneza linateremshwa. Picha iliporudi, watu walikuwa wameshashika sahani.

Kwetu mtu akifiwa, magodoro hutolewa vyumbani yakatandikwa sebuleni, na wanawake hulala chini pamoja na mfiwa mpaka siku ya kuondoa matanga. Hapa walikuja akina mama wa ushirika wetu na chapati na maharage, wakaimba, wakaomba, wakaketi kwenye sofa, na jioni wakaondoka kwa kuwa kesho yake walikuwa na kazi. Siwalaumu. Mimi mwenyewe nilirudi kazini wiki hiyo hiyo, kwenye makao ya wazee, nikawa nawaogesha wazee wa watu kwa uso mkavu.

Wahenga walisema kilio huanza mfiwa, wa mbali akaingia. Nami nilingoja mama aanze, niingie. Hakuanza. Kila nilipopiga simu na kugusia habari za mdogo wangu alinijibu, "Tumeshazika, mwanangu. Umekula?" Miaka ikapita. Jina la mtoto wake wa mwisho halikutoka tena kinywani mwake, si kwangu wala kwa mtu mwingine niliyemuuliza. Kwa hiyo nilitaka jambo moja tu: mama alie nami kabla viza haijaisha, maana Machi angeondoka, na kwa umri wake sikutegemea angeweza kuja tena.

Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mama hakungoja kupewa. Siku ya pili alikuwa amesugua sufuria zangu mpaka zikang'aa, na siku ya tatu aling'oa maua niliyoyanunua kwa pesa yangu akidhani ni magugu. Nyonga ikamuuma, ikabidi akae. Binti yangu, aliyekuwa likizo ya shule, akamwashia televisheni, na ndivyo mama alivyokutana na watu wa kuruka kwa ski.

Sikuwahi kuutazama mchezo huo hata siku moja. Mtu anakaa kwenye boriti nyembamba juu kabisa ya mteremko wa barafu, mbao mbili ndefu zimefungwa miguuni. Anajiachia, anateleza kwa kasi, na mteremko unapoishia anajitupa hewani, mwili umelala mbele, mbao zimeachana ncha, akaenda hivyo mbali kupita akili, kisha anatua kwenye theluji, mguu mmoja mbele, mikono imenyooka. Wao hushindana usiku wetu, sisi tunatazama asubuhi, feni inazunguka na vitasa vya milango vimeshapata moto.

"Huyu mama yake yuko wapi?" mama aliuliza alipomwona wa kwanza.

Nilicheka. Yeye hakucheka. Aliyefuata alipokaa kwenye boriti, mama alifumba macho akanong'ona, "Yesu, mshike," na alipotua akapumua. Akawaombea wote, mmoja mmoja, Mnorwe, Mjapani, Mpoland, bila kubagua. Waliporudia picha polepole aliomba upya.

"Nyanya, it's only the replay," binti yangu akamwambia. Mtoto huyu Kiswahili anakisikia chote, ila kujibu anajibu Kiingereza.

Nikamweleza mama kwamba huyo ameshatua, hiyo ni picha tu inarudiwa.

"Kama anaruka tena, nami naomba tena," akasema.

Ikawa ndiyo desturi yetu. Zamu yangu ni ya jioni, na mume wangu huondoka alfajiri kwenda ghalani Wetherill Park anakoendesha forklift, basi asubuhi zilikuwa zetu. Wale warukaji walihama nchi kila wiki, nasi tukahama nao. Mama alijua nani ana goti bovu na nani amemaliza wiki mbili bila kufika hata kumi bora. Ushindi haukumshughulisha. Alitaka watue. Jumapili moja, mama huyu ambaye utotoni alituchapa kwa kuchelewa ibada, aliniambia tungoje kidogo, bado wanne hawajaruka.

Mtu aliyemvutia kuliko wote hakuruka kabisa. Pembeni ya mteremko kuna jukwaa dogo wanaposimama makocha. Kocha ameshika bendera, anatazama upepo, na mtu wake juu kwenye boriti anamtazama yeye. Taa ikiwa kijani na kocha akaridhika, anaishusha bendera kwa nguvu, na mrukaji anajiachia.

"Yule mwenye bendera anafanya nini?"

"He's checking the wind for him," binti yangu akasema, nami nikatafsiri.

Asubuhi moja ya Januari upepo ulivuma vibaya huko kwao. Kijana alikaa kwenye boriti kwa muda, kocha bendera juu, haishuki. Kisha taa ikawa nyekundu, na yule kijana akasogea taratibu kwenye boriti mpaka pembeni, akatoka. Mama alipiga makofi.

"Wamemshusha! Umeona? Wamemwambia atoke!"

"Wanangoja upepo utulie, mama. Atarudi."

"Kwa hiyo hapa kuna mtu wa kuangalia upepo." Alikuwa ameshika kikombe, hanywi. "Kazi yake ni hiyo tu?"

"Hiyo tu."

Nikaona mlango umefunguka. Nikasema polepole, "Mama, siku ile Mombasa..." Akainuka, nyonga na yote, akaenda jikoni kuosha vyombo visafi.

Nilikasirika. Sioni aibu kusema hivyo. Jumamosi ile nilimpeleka Cabramatta kununua nduma na majani ya viazi, na pale sokoni alipatana bei na mama wa Kivietinamu kwa Kiswahili, yule akamjibu kwa lugha yake, wakashikana mikono wakicheka mpaka watu wakageuka. Mimi aliyenizaa, ninayeelewana naye kila neno, hakuwa na la kuniambia. Kwenye gari njiani nikashindwa kujizuia.

"Mama, hata jina lake hutaki kulitaja? Alikuwa ndugu yangu. Mimi sikutupa hata udongo."

Alitazama mbele. "Punguza mwendo," akasema. "Mume wako alisema hapa kuna kamera."

Februari ikaisha hivyo. Mtoto alirudi shule, mama akaanza kupanga zawadi kwenye sanduku, na mimi nikaanza kukubali kwamba ataondoka na kilio chake, na mimi nibaki na changu. Wapo walioniambia nishukuru, kila mtu huomboleza kivyake. Labda. Kwetu hatuombolezi kivyetu.

Jumapili ya mwisho kabla ya safari ilikuwa pia karibu na mwisho wa msimu wa wale warukaji. Walikuwa Slovenia, kwenye kilima kikubwa ambako mtu hukaa hewani mpaka unasahau kwamba ni mtu. Mume wangu alituangalia, akatikisa kichwa, akamchukua mtoto wakatangulia kanisani. Tukabaki wawili.

Kijana mmoja akakaa kwenye boriti. Mama akafumba macho, akanong'ona yale yake. Bendera ikashuka. Kijana aliruka vizuri, ndivyo nilivyoona, halafu ubao mmoja ukainuliwa na upepo, mwili ukapinda, akaangukia bega. Aliteremka kilima chote akibiringika, mbao zimeng'oka miguuni, na alipofika chini hakuinuka. Watu wakakimbia na machela.

Mama hakuomba. Televisheni ikaanza kurudia picha, kijana yuko tena kwenye boriti, mzima, anatazama bendera, na mama akanyoosha mkono mbele kana kwamba angeweza kumfikia.

"Waambie wasirudie," akasema. "Mwanangu, waambie wasirudie."

Nikazima sauti tu. Kitufe cha kuzimia picha kwenye rimoti vidole vyangu havikukipata.

"Upepo ulikuwa mkali tangu asubuhi," mama akasema.

Nilidhani anasema habari za Slovenia.

"Alinipigia. Akaniambia, mama, leo huku juu upepo unatusukuma, miti inacheza. Wamesema tumalize plasta ndipo tushuke. Akaniuliza, mama, nishuke?" Alikuwa akitazama mikono yake. "Alikuwa ameachishwa kazi mara mbili mwaka ule. Nikamwambia, maliza, baba, usije ukafukuzwa na hapo. Akasema sawa mama."

Miaka yote ile nilifikiri alininyima kilio kwa sababu sikuja kuzika. Nilikuwa nimejiweka mimi katikati ya jambo lisilonihusu hivyo.

"Aliniuliza mimi," akasema. "Bendera niliishusha mimi."

"Mama, hukuwepo. Hukuuona upepo."

"Yeye alikuwa ananiamini."

Kwenye televisheni walikuwa wamemweka kijana kwenye machela. Wakati wanambeba aliinua mkono kidogo, na umati ukaanza kupunga, kimya, sauti ikiwa imezimwa. Mama aliuona ule mkono.

"Yuko hai," akasema. Kisha akaniuliza, na uso wake ulikuwa umebadilika kabisa, "Ana dada? Dada yake yuko naye hapo, au yuko mbali?"

"Sijui, mama."

"Apigiwe simu. Asije akayaona haya peke yake kwenye simu."

Hapo ndipo alipolitaja jina la mdogo wangu. Alilitaja lote, la ukoo na la ubatizo, kwa sauti iliyotoka chini kabisa, na alipolirudia mara ya pili nami niliingia. Tulilia kwa sauti, madirisha yako wazi. Mzee wa jirani alikuja kwenye uzio akauliza kama tuko sawa, nikamwinulia mkono, akasimama pale kidogo, kisha akarudi kwake.

Tulipotulia mama aliinuka akaenda chumbani kwake. Nikasikia kitu kikiburuzwa. Alikuwa anavuta godoro, nyonga imemkaza, hataki kusaidiwa, na nikalishika upande wa pili hata hivyo. Tulisogeza meza, tukalitandika katikati ya sebule, akavua leso ya kiunoni akajifunga kichwani, akalala. Nami nikalala kando yake. Saa ya ibada ilipita. Alinisimulia mazishi yote, nani alihubiri, nani alichimba kaburi, udongo ulikuwa wa rangi gani.

Mume wangu na binti yetu walirudi mchana. Mume wangu alisimama mlangoni, akaona godoro, akaelewa, akavua viatu. Mtoto hakuwahi kuona jambo kama lile.

"Mum? Why are you guys on the floor? What happened?"

Mama alisogea, akamwachia nafasi katikati yetu.

"Njoo ulale, mjukuu wangu," akasema. "Tumefiwa."